PlayStation Classic: gemu 20, na mpira hamna

Kasoro ya kwanza utaiona kabla hujamaliza kusoma mgongo wa boksi. Sony walikitoa kimashine hiki, PlayStation ya zamani iliyopunguzwa umbo, tarehe 3 Desemba 2018, tarehe ileile ambayo PlayStation ya kwanza iliingia madukani Japani mwaka 1994, wakakipakia gemu 20, na katika hizo 20 hamna mpira. Hamna FIFA, hamna Winning Eleven, hamna lolote lenye goli na kipa. Kuna kuteleza kwenye theluji, Cool Boarders 2. Kuna Intelligent Qube, mtu anakimbizana na matofali. Kuna Rainbow Six, ambayo kuipenda kwenye PlayStation kunataka moyo. Aliyepanga orodha ile hajawahi kukaa kwenye benchi la kibanda cha gemu Ngamiani saa kumi na moja jioni.

Mimi nimekaa, tena upande wa hela. Mama alikuwa na fremu Barabara ya 10, Tanga, PlayStation mbili na TV mbili za chogo, na nikitoka shule kazi yangu ilikuwa kushika kopo la Blue Band la sarafu na kutangaza nani kafungwa apishe. TV ya kushoto ilikuwa ya Winning, mwezi hadi mwezi. Ya kulia ilikuwa ya Tekken 3, gemu ya kupigana, na wote wanamchukua mpiganaji Eddy, kwa sababu Eddy hahitaji akili, unabonyeza tu. Kwa hiyo hiki nakipima kama mwenye kibanda: watu wawili wakae, pedi mbili zifanye kazi, mechi ianze. Mengine ni mapambo.

Kwa mapambo, sina neno. Ni PlayStation yenyewe ile ya kijivu, imepunguzwa mpaka ikakaa kiganjani, upana wake sentimita 15 hivi, uzito gramu 170. Mfuniko wa CD haufunguki, umechorwa tu, lakini vitufe vitatu vina kazi. Power ni power. Reset inakurudisha kwenye menyu na kukuhifadhia ulipoishia. Open inabadilisha diski kwa gemu zenye diski zaidi ya moja, kama Final Fantasy VII, na hilo lilinifurahisha kuliko inavyostahili. Pedi ni mbili, za umbo la mwanzo kabisa, zisizo na vijiti vya kuzungusha wala mtetemo, na waya wa mita moja na nusu. Kwa mpira na kwa Tekken hazikosi kitu. Kwa mbio za magari utalalamika.

Bei yake ilipotoka Marekani ilikuwa dola 99.99. Watu hawakukichangamkia, na haikuchukua muda maduka ya huko yakaanza kukiuza kwa chini ya dola 40. Mimi nimepata cha mkononi, kutoka kwa binamu yangu aliyekuwa anarudi kutoka Sharjah, kwa laki moja na thelathini, na boksi lake na pedi zote mbili. Ndani ya boksi hamna kichwa cha chaja. Unapewa waya wa USB na wa HDMI, umeme tafuta mwenyewe. Kichwa chochote cha simu cha volti 5 na ampea 1 kinatosha, na hata power bank inakiendesha vizuri, jambo ambalo nitalirudia kwa sababu lilinifaa sana. Tena ujue kinatoa picha kwa HDMI tu, mwisho 720p. Mwenye TV ya chogo anunue kigeuzi cha kutoka HDMI kwenda zile nyaya tatu za rangi.

Sasa Tekken 3. Imo kati ya zile 20, nikasema angalau TV ya kulia imepona. Nikawasha, nikamchukua Eddy, na raundi ya kwanza haijaisha nikahisi kuna kitu kimelegea. Sony walichukua gemu kadhaa katika toleo la Ulaya, la PAL, linalokwenda kwa picha 50 kwa sekunde badala ya 60, na Tekken 3 ni mojawapo. Tofauti hiyo kwenye karatasi ni ndogo. Kwenye mkono ni pigo linalofika limechelewa. Sisi tulikulia kwenye kopi za toleo la Japani na la Marekani, zile za 60, na kidole kilichozoea mwendo ule hakidanganyiki. Mdogo wangu wa kiume alishika pedi, akacheza kidogo, akaiweka chini. "Dada, hii ina homa."

Hapo ndipo habari ya kukiongezea gemu nyingine kwa flashi inapoacha kuwa mchezo wa mafundi na kuwa sharti. Kama hutaongeza, usinunue.

Namna ya kuongeza ni rahisi kuliko unavyodhani, na sababu yake inachekesha. Ndani ya kimashine hiki hakuna PlayStation. Kuna kompyuta ndogo ya Linux, chipu ya MediaTek kama za simu za bei nafuu, na programu inayojifanya PlayStation, inayoitwa PCSX ReARMed, ambayo ni emuleta huria iliyoandikwa na watu wasio wa Sony. Ni Sony hawahawa walioipeleka mahakamani kampuni ya Connectix mwaka 1999 kwa kutengeneza emuleta, wakashindwa kwenye rufaa mwaka 2000, na waliowashtaki pia watu wa Bleem, emuleta nyingine, mpaka gharama za kesi zikachangia kuiua kampuni hiyo mwaka 2001. Miaka 17 baadaye wanauza emuleta ya watu ndani ya boksi lao. Halafu ufunguo wa kufungulia masasisho ya mashine wakauacha humohumo ndani ya mashine. Wadukuzi walikifungua ndani ya siku chache, wakakuta kwenye programu mpaka majina ya gemu zilizofikiriwa kisha zikaachwa, kama Tomb Raider na Silent Hill. Na programu mbili maarufu za kuongeza gemu wakaziita BleemSync na AutoBleem. Kejeli hiyo sidhani kama kuna aliyeihitaji kuelezwa pale Sony.

Mimi natumia AutoBleem, kwa sababu mwanzoni haigusi kitu ndani ya mashine. Kila kitu kinakaa kwenye flashi. Ukiichomoa, kimashine kinarudi kama kilivyotoka kiwandani. Unafomati flashi kwa FAT32 na kuipa jina SONY, herufi kubwa zote, maana bila jina hilo kimashine kinaipita kama hakijaiona. Unakopi mafaili ya AutoBleem humo. Kuna folda inaitwa Games. Ndani yake kila gemu inapewa folda yake, yenye faili la bin, ambalo ndilo CD yenyewe, na faili dogo la cue linaloeleza CD imepangwaje. Kuna pia hifadhi tatu za picha za majalada, ya Marekani, ya Ulaya na ya Japani, weka zote. Unachomeka flashi kwenye tundu la pedi ya pili, unawasha, inasoma folda, inatambua kila gemu na kuitafutia jalada, basi. Kila gemu inapata memori kadi yake. Enzi za Barabara ya 10 memori kadi moja ilikuwa inagombewa na mtaa mzima, na mtu akifuta ligi ya mwenzake ni ugomvi wa mpaka kwa wazazi.

Flashi yenyewe ndiyo yenye ukaidi. Matundu ya mbele yametengenezwa kwa ajili ya pedi, na pedi hainywi umeme mwingi, kwa hiyo yanatoa miliampea 100 tu. Flashi nyingi mpya, hasa zile za USB 3 zenye kasi, zinataka zaidi ya hapo, na matokeo yake ni kwamba moja inasomwa, nyingine haisomwi, nyingine inasomwa leo kesho inagoma. Usihangaike kununua ya gharama. Iliyonikubali mimi ni kiflashi cha zamani cha USB 2 chenye GB 32 nilichokipata bure kwenye semina, chenye nembo imeshafutika. CD moja ya PlayStation haizidi megabaiti 700, na nyingi ziko chini ya hapo, kwa hiyo GB 32 ni gemu hamsini hivi. Hutazicheza hamsini.

Gemu nimezitoa wapi? Swali la haki. Zile CD za mama zote zilikuwa kopi, tukijua au hatujui. Ndiyo maana mashine zilichipuliwa, yaani zilipachikwa chipu ili zikubali kopi. CD halisi ya PlayStation ukiigeuza chini ni nyeusi, nyeusi ya kweli, unajiona uso kama kwenye kioo cha gari la serikali. Zetu zilikuwa za kijani kijani. Mara hii nilitaka nyeusi. Mume wa shangazi yangu anaagiza magari yaliyotumika kutoka Japani, na ana mtu wake Nagoya anayemshughulikia minada. Nilimwomba huyo mtu apite kwenye maduka ya mitumba ya huko anitafutie World Soccer Winning Eleven 2002 na Tekken 3. Zilikuja ndani ya bahasha, kila moja na kitabu chake cha Kijapani, na kwa pesa yetu mbili zile hazikufika hata bei ya kuku wa kienyeji. Wajapani hawazioni kama mali tena. Nikaziweka kwenye laptopu ya zamani yenye mlango wa CD, nikazigeuza kuwa bin na cue, kila moja dakika chache. Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 haisemi kwamba gemu ikizeeka inakuwa ya bure. Winning bado ni ya Konami na Tekken bado ni ya Namco, sasa Bandai Namco. Mimi naona CD yangu, nakala yangu, kimashine changu, nalala usingizi. Kila mtu na dhamiri yake.

Zipo gemu za Ulaya zitakazokusumbua kwa jambo jingine. Baadhi, kama MediEvil na Final Fantasy IX, zina kinga dhidi ya kopi inayoitwa LibCrypt, na bin na cue peke yake haitoshi. Inahitajika faili jingine dogo la sbi kando yake. Ukiona gemu ya PAL inaanza vizuri halafu inaganda bila sababu, anzia hapo.

Nikachomeka, nikawasha. Winning ikapanda na menyu zake zote za Kijapani, na vidole vyangu vikazipita bila macho kusoma chochote. Hivyo ndivyo tulivyokuwa: hakuna mtoto pale aliyejua herufi moja ya Kijapani, na hakuna aliyeshindwa kubadilisha kipa. Bendera zinakwambia timu, mahali pa kitufe panakwambia kazi yake. Mtangazaji anapiga kelele zilezile. Tekken ya Kijapani ikaja na mwendo wake wa 60, Eddy akarudi kuwa Eddy. Mdogo wangu alikuwa amekaa mkao wa kula, anasubiri pedi.

Na pedi hakuna pa kuichomeka.

Hili ndilo nilitaka tuliongee kwa utulivu, kwa sababu maelezo mengi yanalipita juu juu. Matundu ya mbele ni mawili. Flashi ikikaa moja, mchezaji anabaki mmoja. Yaani umeweka mpira kwenye mashine isiyo na mpira, kisha umecheza peke yako na kompyuta, kama mtu aliyefukuza wateja. Kwa wapenda hadithi ndefu, watu wa Final Fantasy, hilo si neno. Wao na pedi moja wanaoana. Kwa kibanda, ni sifuri.

Dawa yake ni tundu la nyuma, lile la umeme. Waliotengeneza programu hizi waliandika pia keneli mbadala, yaani kile kiini cha Linux kinachoendesha mashine, ambayo ukiiweka, tundu la nyuma linaweza kupitisha umeme na data pamoja. Unanunua waya wa OTG wa mikia miwili: mkia mmoja unapokea chaja, mwingine unapokea flashi, kichwa kinaingia nyuma ya kimashine. Mbele matundu yote mawili yanabaki huru. Zaidi ya hapo, flashi sasa inakula umeme wa chaja, kwa hiyo ule ukaidi wa miliampea 100 unakwisha, na hata flashi nono inakubali. Kwa upande wangu hatua hii moja ndiyo iliyokipandisha kimashine kutoka mbili kwenda nne kati ya tano.

Ila hapa unagusa ndani ya mashine, tofauti na mwanzo. Programu inatunza kwanza nakala ya keneli ya kiwandani kwenye flashi. Hiyo nakala ihamishie kwenye kompyuta, usiiache hapo tu. Na jambo la kuombea ni umeme usikatike wakati inaandika, kwani ukikatika katikati unaweza kubaki na kopo la kijivu. Sisi wa LUKU na mgao tunajua maombi hayo yana kikomo, ndiyo maana nilikiwashia kwenye power bank iliyojaa, si kwenye soketi. TV ingezima, kimashine kingeendelea na kazi yake gizani. Haikukatika, lakini niliandika nikiwa na amani.

Waya wa OTG nilikwenda kuutafuta Kariakoo, na huko nikakutana na njia ya mkato. Kijana mmoja dukani alinitolea flashi iliyokwishajazwa, ya GB 64, na kibandiko kimeandikwa gemu 10,000.

"Dada, hii hutaimaliza mpaka wajukuu."

"Winning ya Kijapani imo?"

"Imo yote, dada, wewe chomeka tu."

Nilimwomba aichomeke yeye, kwenye TV yake ya maonyesho. Hesabu ya CD na GB 64 haikubali 10,000 hata ukisukuma kwa mguu, na ilikuwa wazi mara tu orodha ilipofunguka: nyingi zilikuwa gemu ndogondogo za Nintendo za kaseti na mashine nyingine, gemu moja imerudiwa kwa majina manne, nyingine zimeandikwa namba tupu. Kupitia orodha tu ni zoezi la kidole gumba. Winning tuliitafuta mpaka mteja mwingine akaanza kunisaidia, hatukuiona. Nilinunua waya nikaondoka. AutoBleem inakuja pia na uwezo wa kuendesha RetroArch, ambayo inachezesha gemu za mashine hizo nyingine, na ukitaka Sega au Nintendo ya zamani inafanya vizuri. Mimi nilijaribu nikaacha. Orodha yangu ina gemu 14, zote kwenye kioo kimoja na nusu, na mtoto wa mdogo wangu, mwenye miaka tisa, anaijua kwa majalada. "Shangazi, tuweke ile ya Mjapani anayepiga kelele."

Mchezo wenyewe unakwendaje? Winning laini mwanzo hadi mwisho, hata kona yenye watu wote ndani ya boksi. Tekken laini. Picha kwenye TV kubwa ina mabonge ya mraba, nyuso za wachezaji ni kama zimechongwa kwa panga, na kwangu hiyo si kasoro. TV yenyewe iweke kwenye hali ya gemu kama inayo, la sivyo pasi itatoka baada ya wewe kubonyeza, na utalaumu kimashine bure. Gran Turismo inakwenda, lakini kuikata kona kwa vitufe ni adhabu. Ape Escape sahau kabisa, inadai pedi yenye vijiti.

Atakayesema laptopu ya zamani au simu inaweza kuendesha emuleta hiihii, anasema kweli. Mwenye laptopu na pedi mbili za USB hana sababu ya kutoa laki. Na mwenye PlayStation halisi ya zamani bado anayo mashine bora, mradi lenzi yake haijafika umri wa kugeuzwa juu chini ndipo isome, kama zetu zilivyomalizia maisha yao. Hiki kinamfaa anayetaka kitu kinachokaa chini ya TV, kinachowashwa na mtoto, kisichogeuzwa kuwa mashine ya kuandikia barua za ofisi kila Jumatatu.

Ukikikuta cha mkononi, kabla ya kutoa hela kiwashe na uchomeke pedi zote mbili, kila moja kwenye kila tundu, kisha bonyeza vitufe vyote ukiwa ndani ya gemu, si kwenye menyu. Muulize muuzaji kama kimeshabadilishwa keneli, na kama kimebadilishwa mwombe ile nakala ya kiwandani. Ukipewa chenye pedi moja kwa nusu bei, mwachie mwenyewe.